Thayendanegea na Moto wa Baraza

Wapiganapo tembo wawili ziumiazo ni nyasi. Methali hii tunaijua sote tangu utoto. Lakini si wengi miongoni mwetu wajuao kwamba huko Amerika ya Kaskazini aliwahi kuishi mtu ambaye maisha yake yote ni ufafanuzi wa methali hiyo. Jina lake ni Thayendanegea, naye Waingereza walimwita Joseph Brant.

Alizaliwa mwaka 1743 katika taifa la Wamohawk, moja ya mataifa sita ya Shirikisho la Iroquois. Zamani za kale Wamohawk, Waoneida, Waonondaga, Wacayuga na Waseneca waliacha kulipizana visasi wakaungana. Katika karne ya 18 wakawapokea na Watuscarora. Walijifananisha na jamaa wakaao katika nyumba moja ndefu. Wamohawk walilinda mlango wa mashariki, Waseneca mlango wa magharibi, na katikati Waonondaga walitunza moto wa baraza. Wajumbe wa baraza walikuwa 50. Waliteuliwa na kina mama wakuu wa koo, na kina mama hao hao waliweza kuwauzulu. Jambo halikupitishwa kwa wingi wa sauti, bali kwa kuafikiana.

Brant hakuwa mmoja wa hao 50. Heshima yake ilitokana na ushujaa vitani, na elimu. Dada yake, Molly, aliishi kama mke na Sir William Johnson, ofisa wa Uingereza aliyesimamia mambo ya wenyeji, naye Johnson akampeleka kijana huyo shuleni Connecticut mwaka 1761. Baadaye aliitafsiri Injili ya Marko kwa lugha ya Kimohawk.

Vita vya Wamarekani vya kudai uhuru vilipoanza mwaka 1775, Shirikisho liliona ni busara kutoingilia ugomvi wa wageni. Brant hakuridhika. Alivuka bahari hadi London, akaonana na Mfalme George wa Tatu, akarejea mwaka 1776 akiamini kuwa ardhi ya watu wake haitasalimika ila wakisimama na Mfalme. Akatembea kijiji hadi kijiji akiwashawishi. Mapema mwaka 1777 maradhi yaliwaua wazee kadhaa wa Onondaga, na moto wa baraza ukazimwa. Kila taifa likabaki kujiamulia lenyewe. Mwezi wa Agosti mwaka huo, katika mapigano ya Oriskany, Wamohawk na Waseneca walikuwa upande wa Waingereza, na Waoneida upande wa Wamarekani. Ndugu wa nyumba moja wakauana.

Malipo yake yalikuwa machungu. Mwaka 1779 jeshi la Jenerali Sullivan lilichoma moto vijiji zaidi ya 40 vya Iroquois pamoja na mahindi yao. Mwaka 1783 Uingereza na Marekani zilipatana mjini Paris, na katika mkataba wao wenyeji hawakutajwa hata kwa neno moja. Wala Waoneida, waliokuwa upande wa washindi, hawakusalimika: kufikia mwaka 1788 walikuwa wametia saini mkataba na jimbo la New York uliowaachia sehemu ndogo tu ya nchi yao.

Brant aliomba fidia. Mwaka 1784 Gavana Haldimand aliwapa watu wake maili sita kila upande wa Mto Grand, katika nchi ambayo leo ni Kanada. Brant aliielewa hati ile kuwa ni ya umiliki kamili; maofisa wa Serikali wakadai kuwa wenyeji hawana haki ya kuuza bila idhini. Mabishano hayo yalimchosha hadi mwisho wa umri wake. Yeye mwenyewe alishikilia kuuza na kukodisha sehemu kubwa kwa walowezi, na baadhi ya watu wake walimlaumu. Wala tusifiche kwamba alimiliki watumwa wenye asili ya Kiafrika.

Lililo la kuzingatia zaidi ni kwamba mtu huyu, aliyesaidia kuipasua nyumba ndefu, aliitumia miaka iliyofuata kuyahimiza mataifa ya magharibi yaungane, yasiuze ardhi ila kwa shauri la wote. Alikuwa amejifunza, lakini amechelewa. Baada ya vita Shirikisho lilikuwa na mioto miwili, mmoja kila upande wa mpaka uliochorwa na wengine. Alifariki tarehe 24 Novemba 1807. Leo watu wa Mto Grand wamebakiwa na takriban sehemu moja kwa ishirini ya ardhi ile, na madai yao bado hayajamalizika.

Hatusemi Brant alikuwa msaliti. Aliwapenda watu wake. Kosa lake ni kuitumainia ahadi ya mkubwa kuliko baraza la ndugu zake. Kwa wenye dhamana ya kutia saini kwa niaba ya wengine, mafunzo ni mawili: mali bila daftari huisha bila habari, na daftari lenyewe halifai kitu ikiwa waliomo nyumbani hawaafikiani.