J.M. Kariuki: Aliyeandika ya Kizuizini

Wengi wetu tukisikia jina la J.M. Kariuki twakumbuka kifo chake tu. Mimi nataka kuwasimulia kazi yake ambayo naiona kubwa zaidi: kuwaandikia waliofungwa kwa ajili ya Mau Mau kumbukumbu yao.

Josiah Mwangi Kariuki alizaliwa tarehe 21 Machi 1929 huko Kabatini, si mbali na mji wetu wa Nakuru. Wazazi wake walikuwa maskwota katika shamba la setla, yaani waliruhusiwa kukaa pale mradi wamfanyie mzungu kazi. Alianza shule 1938, karo ikamshinda, akarudi kufanya kazi shambani. Mwaka wa 1946, jamani, bahati ikamwangukia! Alishinda dau la mbio za farasi, na pesa zile akajilipia masomo. Ninyi mnaorudishwa nyumbani kuleta karo mtanielewa. Alisoma mpaka akafika King's College Budo, Uganda.

Oktoba 1952 Gavana Evelyn Baring alitangaza Hali ya Hatari. J.M. alikula kiapo, akawa anawachangishia wapiganaji pesa na viatu. Mwaka wa 1953 akakamatwa, akatiwa kizuizini bila kesi. Miaka 7 alihamishwa kambi hadi kambi, Manyani na Lang'ata zikiwemo. Alipigwa, lakini kalamu hakuiacha. Aliandika barua za kisirisiri kulalamikia mateso, zikapenyezwa nje. Aliachiliwa 1960.

Wengi waliotoka kambini walinyamaza. Babake nyanya yangu alirudi kutoka Manyani, na mpaka anakufa hakusimulia lolote. Kwetu limebaki jina la kambi tu, basi. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari.

J.M. yeye alifungua daftari. Mwaka wa 1963, mwaka wa uhuru, alitoa kitabu chake, Mau Mau Detainee. Humo alieleza kazi ngumu, viboko, na jinsi wafungwa walivyofundishana kusoma. Waingereza nao walipoondoka walichoma baadhi ya mafaili na kuficha mengine, ambayo yalijulikana 2011. Mwaka wa 2013 serikali yao ilikubali kuwalipa Wakenya 5,228 walioteswa pauni milioni 19.9. Tazameni basi: miaka 50 baada ya kitabu cha J.M.!

Baada ya uhuru alikuwa katibu wa kibinafsi wa Rais Kenyatta, kisha mbunge wa Nyandarua Kaskazini na waziri msaidizi. Hakuwasahau wenzake. Aliuliza kwa nini waliopigania ardhi hawana ardhi, huku wachache wakitajirika. Maneno hayo yaliwaudhi wakubwa. Tarehe 2 Machi 1975 alionekana kwa mara ya mwisho Nairobi, na maiti yake ikapatikana Ngong. Kamati ya Bunge ilichunguza, lakini hakuna aliyehukumiwa kwa kumwua.

Waliomwua walimnyamazisha yeye; kitabu kingali kinasema. Wenzangu, wazee waliouona wakati ule wamebaki wachache sana hapa Bahati, Njoro na Molo. Likizo hii kila mwanachama amwendee mmoja, aketi naye, aandike. Mimi nitaanza na nyanya, kwa maana yeye alikuwa mtoto wakati huo na kuna aliyoyaona.