Confucius: Mwalimu aliyetafuta mtawala miaka 14 bila kumpata

Mwaka 497 kabla ya Kristo (KK), mzee wa miaka 54 aliondoka katika nchi ndogo ya Lu, mashariki mwa China ya leo, akifuatana na kundi la wanafunzi wake. Aliacha nyuma cheo kikubwa, mke na nyumba. Alichokuwa akikitafuta ni mtawala mmoja tu ambaye angekubali kuongoza watu kwa maadili badala ya viboko.

Jina la ukoo wake lilikuwa Kong. Wachina walimwita Kong Fuzi, yaani Mwalimu Kong, na mapadre Wajesuiti waliofika China karne nyingi baadaye wakaligeuza jina hilo kwa Kilatini, likawa Confucius.

Alizaliwa mwaka 551 KK karibu na mji wa Qufu, katika jimbo la Shandong la sasa. Baba yake, askari aliyekwisha kuwa mzee, alifariki mtoto akiwa na miaka mitatu tu, na mama yake kijana akabaki kumlea katika umaskini. Alioa akiwa na miaka 19. Kazi zake za kwanza zilikuwa kuhesabu nafaka ghalani na kusimamia mifugo ya wakubwa.

Nyakati zile zilikuwa mbaya. Mfalme wa Zhou alibaki na jina tu, na nchi zilizokuwa chini yake zilipigana kila mwaka. Lu yenyewe ilishikwa na koo tatu zenye nguvu kuliko mtawala wake. Mwaka 517 KK mtawala huyo alijaribu kuzidhibiti, akashindwa, akakimbia na kufia uhamishoni.

Katikati ya vurugu hizo Confucius alifungua mafunzo yake kwa yeyote aliyetaka kujifunza, hata aliyeweza kulipa vipande vichache tu vya nyama kavu. Hilo lilikuwa jambo geni, kwani elimu ilikuwa mali ya watoto wa mabwana. Kwa maoni yangu, hapo ndipo palipo ukubwa wake, kuliko katika zile taratibu za kuinama mbele ya wazee zinazotajwa sana.

Kiini cha mafundisho yake ni neno *ren*. Wazungu wamehangaika kulitafsiri, lakini Kiswahili kinalo neno lake tayari: utu. Utu huo, alifundisha, huanzia nyumbani katika kuwaheshimu wazazi, hukuzwa na adabu, kisha hufika hadi kwenye kiti cha mtawala. Inasimuliwa kwamba banda la farasi lilipoungua aliuliza kama kuna watu walioumia. Habari ya farasi hakuiuliza. Farasi walikuwa na thamani kubwa, na watumishi wa banda walikuwa watu wa chini kabisa.

Alipofikisha miaka 50 hivi alipata nafasi ya kujaribu aliyoyahubiri. Alifanywa mkuu wa mji, kisha waziri wa sheria. Mwaka 498 KK alisukuma mpango wa kubomoa kuta za miji mitatu ya zile koo. Miwili ilibomolewa. Wa tatu ulikataa, jeshi likashindwa kuuteka, na nguvu yake serikalini ikaisha. Masimulizi ya kale huongeza kwamba nchi jirani ya Qi ilituma wachezaji ngoma 80, wasichana warembo, na wakubwa wa Lu wakaacha kazi siku tatu wakiwatazama. Ndipo akaondoka.

Miaka 14 iliyofuata ilikuwa ya taabu. Huko Kuang alizingirwa kwa kudhaniwa kuwa mtu mwingine. Katika nchi ya Song ofisa mmoja alitaka kumuua. Kati ya Chen na Cai chakula kiliisha, wanafunzi wakalala hoi kwa njaa, na Zilu, mkali kuliko wote, akamjia kwa hasira akitaka kujua iweje mtu mwema ateseke hivyo. Watawala walimpokea kwa heshima, wakamkirimu, wakamsikiliza. Kazi hawakumpa.

Alirudi Lu mwaka 484 KK akiwa na miaka 67. Haukupita muda mwanawe akafariki. Kisha akafa Yan Hui, mwanafunzi aliyempenda kuliko wote, na mzee akalia hadi wenzake wakashangaa. Hata hivyo baba wa marehemu alipoomba gari la mwalimu liuzwe ili kununua jeneza la nje, alikataa, kwa kuwa hata mwanawe mwenyewe hakuzikwa nalo. Zilu naye aliuawa vitani mwaka 480 KK. Mwaka uliofuata Confucius akafa, akiamini kwamba ameshindwa.

Wanafunzi waliomboleza miaka mitatu. Zigong alikaa kibandani karibu na kaburi miaka sita. Wao na wafuasi wao ndio waliokusanya mazungumzo yake kuwa kitabu. Mwaka 213 KK mfalme wa Qin aliamuru vitabu vya aina hiyo vichomwe, lakini karne iliyofuata watawala wa Han waliyafanya mafundisho hayo kuwa msingi wa utumishi wa serikali. Mitihani ya kupata maofisa iliyojengwa juu yake ilidumu hadi 1905, na ilienea hadi Korea na Vietnam. Wafalme walipenda sehemu ya utii. Ile iliyomtaka waziri amkosoe bwana wake waziwazi waliipenda kidogo, na wanawake hawakuwahi kupewa nafasi katika mitihani hiyo.

Mwaka 1966 vijana wa Mao walivamia Qufu na kuharibu makaburi ya ukoo wa Kong, wakimwita adui wa mapinduzi. Miaka 39 baadaye, serikali ya chama kilekile ilitumia jina lake kufungua taasisi katika Chuo Kikuu cha Nairobi, ya kwanza barani Afrika. Humo hufundishwa hasa lugha ya Kichina.