Lillian Roxon, mama aliyeandika ensiklopedia ya roki

Tarehe 10 mwezi wa nane mwaka wa 1973, mwandishi wa habari Lillian Roxon alikufa nyumbani kwake mjini New York, kwa ugonjwa wa pumu, ule wengi kwetu wanauita asma. Alikuwa na miaka 41. Hakuacha mume wala mtoto. Aliacha kitabu kimoja kikubwa, kilichotoka miaka 4 mbele ya kifo chake, ambacho hata leo watu wanaoandika juu ya muziki wa roki wanakitaja kwa heshima.

Alizaliwa mwaka wa 1932 huko Alassio, mji wa pwani ya Italia. Wazazi wake walikuwa Wayahudi wenye asili ya mji wa Lwów, ambao wakati ule ulikuwa wa Poland. Baba yake alikuwa daktari. Wafashisti walipoanza kuwabana Wayahudi, jamaa hiyo ilikimbia, na mwaka wa 1940 ikafika Brisbane, Australia. Mtoto wa miaka 8, mkimbizi, na lugha mpya ya kujifunza: wasomaji wetu hawahitaji maelezo zaidi. Ni katika maisha hayo mapya ndipo walipoacha jina la Ropschitz na kujiita Roxon. Leo mtu anaweza kudhani jina hilo lilichaguliwa kwa ajili ya roki. Hapana, muziki huo ulikuwa bado haujazaliwa.

Alisoma kwenye chuo kikuu cha Queensland, kisha cha Sydney. Huko Sydney aliingia katika kundi lililoitwa Push, la wasomi na wanywaji waliokutana katika mabaa na kupinga amri za kanisa, za serikali na hata za ndoa. Kazi yake ya kwanza ya maana ilikuwa kwenye Weekend, gazeti la umbea lililoongozwa na Donald Horne. Wenzake wasomi waliliona gazeti hilo kuwa aibu. Kwa maoni yangu, hapo ndipo alipopata shule yake ya kweli: alijifunza kuandika haraka, na kutodharau kitu ambacho watu wa kawaida wanakipenda.

Mwaka wa 1959 alihamia New York. Miaka michache baadaye aliingia katika ofisi ya gazeti la Sydney Morning Herald mjini humo, akawa mmoja wa wanawake wa kwanza wa Australia kutuma habari kutoka ng'ambo. Mchana alifanya kazi ya ofisi. Usiku alikuwa Max's Kansas City, baa na mkahawa ambapo wachoraji, wapiga gita na watu wa Andy Warhol walikuwa wakikutana. Alikuwa amepita miaka 30, katikati ya vijana wa miaka 20, na hakujali. Magazeti makubwa wakati ule yaliuona muziki huo kama kelele za watoto. Yeye aliona habari.

Kisha ikaja kazi iliyomchosha kuliko zote. Nyumba ya vitabu ya Grosset & Dunlap ilimpa jukumu la kuandika ensiklopedia ya roki, kitu ambacho hakuna aliyekuwa amekifanya kwa ukubwa ule. Fikiria: hakuna intaneti, hakuna maktaba iliyohifadhi mambo hayo, na makampuni ya diski yenyewe hayakuwa yakitunza kumbukumbu vizuri. Ilimbidi atafute nani alipiga ngoma katika kundi gani, nani alitoka na nani akaingia mahali pake, na kila diski ina nyimbo zipi. Makundi yalivunjika kabla hajamaliza ukurasa wao. Katika utangulizi alikiri kwamba shida kubwa ilikuwa kuufanya ulimwengu wa roki utulie kidogo ili upigwe picha.

Hakuacha kazi ya gazeti. Kitabu aliandika juu ya kazi hiyo. Afya ikaanza kuharibika. Asma ilimkamata sana katika miaka hiyo, na dawa alizopewa zilimnenepesha. Kitabu kilitoka mwaka wa 1969, kina zaidi ya kurasa 600. Ndani yake kuna orodha na tarehe, lakini pia kuna mwandishi anayependa, anayecheka na anayechoka na wanamuziki wake. Mwaka wa 1978, yeye akiwa amekwisha kufa, Ed Naha alitoa toleo lililorekebishwa. Mimi ningemshauri mtu atafute lile la kwanza.

Umaarufu ulikuja. Alipata safu katika gazeti la Daily News la New York, na kipindi cha redio. Tarehe 26 mwezi wa nane mwaka wa 1970, wanawake walipoandamana New York kudai haki zao, aliwaandikia wasomaji wa Sydney habari hiyo bila kuficha kwamba yeye mwenyewe yuko upande wao. Helen Reddy, mwimbaji wa I Am Woman, alisema wazi kwamba Roxon ndiye aliyemfungua macho. Germaine Greer alimtaja kati ya wale aliowatolea kitabu chake cha mwaka wa 1970, lakini kwa maneno juu ya mende wa nyumbani kwake. Hayo yalimuumiza.

Kidonda kikubwa zaidi kilikuwa Linda Eastman. Linda alikuwa mpiga picha asiyejulikana, na Roxon alimsaidia kwa kumtaja na kumfungulia milango. Mwaka wa 1969 Linda aliolewa na Paul McCartney wa Beatles huko London, akakata uhusiano na marafiki wa New York. Roxon alikaa kimya miaka kadhaa. Mwezi wa nne wa 1973, kipindi cha televisheni cha McCartney na mkewe kilipoonyeshwa Marekani, aliandika uchambuzi mkali ambao ulimchoma Linda waziwazi. Miezi minne baadaye mwandishi huyo alikuwa amekufa. Hawakuwahi kupatana.