Jaji Aliyeogopa Haraka

Wiki hii nawaletea maisha ya jaji mmoja wa Uingereza, Sir John Fortescue. Ni mtu wa zamani sana, lakini habari zake zimenigusa mimi mchungaji wenu kabla hazijawafikia ninyi.

Alizaliwa Devon karibu mwaka wa 1394. Alisomea sheria Lincoln's Inn, London, na mwaka wa 1442 Mfalme Henry wa Sita akamfanya Jaji Mkuu. Kiti hicho alikikalia karibu miaka 19.

Kisha koo mbili za kifalme, Lancaster na York, zikapigania taji. Jumapili ya Matawi, 1461, theluji ikianguka, jeshi la Henry lilishindwa kule Towton. Fortescue hakuhamia kwa washindi. Alipoteza cheo na mashamba, akakimbilia Uskoti, halafu ng'ambo ya bahari, mahali ambapo leo ni Ufaransa. Huko aliishi na Malkia Margaret na mwanawe Edward. Hebu fikiria, jaji mkuu mzima, sasa anategemea malkia mkimbizi ampe chakula!

Hakukaa bure. Alimwandikia yule kijana kitabu cha kumfundisha sheria. Mle ndani mwanamfalme ananung'unika kwamba kesi zinakawia. Fortescue anamjibu kwa jambo aliloliona mwenyewe mjini Salisbury. Mwanamke alishtakiwa kumuua mumewe. Jaji angeweza kungoja, lakini hakungoja, na yule mama akachomwa moto. Baadaye mtumishi wa marehemu akasimama mbele ya jaji huyo huyo, akakiri kwamba ni yeye peke yake aliyeua. Mama hakuwa na kosa lolote. Yule jaji alimwambia Fortescue mara nyingi kwamba doa hilo halitamtoka rohoni maisha yake yote. Fortescue aliona heri wenye hatia 20 waponyoke kuliko mmoja asiye na hatia kuuawa.

Mwaka wa 1471 walirudi Uingereza kupigana. Kule Tewkesbury mwanamfalme akauawa, na Fortescue, mzee wa zaidi ya miaka 70, akakamatwa. Sasa hakimu ndiye anayengoja hukumu. Mfalme Edward wa Nne alikuwa na kila sababu ya kummaliza, maana Fortescue alikuwa ameandika kupinga haki yake ya kutawala. Lakini alimsamehe, ila kwa sharti: ayajibu na kuyakanusha maandishi yake mwenyewe. Mzee akaandika. Mwaka wa 1475 alirudishiwa mashamba yake. Alifariki karibu mwaka wa 1479, akazikwa Ebrington, Gloucestershire.

Wapo wanaomwona mwoga kwa kuyakanusha maneno yake. Mimi namwona mtu aliyewatetea wengine wasihukumiwe haraka, halafu naye akahitaji huruma.

Sasa niseme langu. Miaka kadhaa iliyopita bahasha ya sadaka ilipotea. Nilisikia maneno ya watu wawili tu, nikamsimamisha dada mmoja kwenye huduma, tena mbele ya washirika. Sikumuuliza hata swali moja. Wiki tatu baadaye bahasha ikapatikana nyuma ya droo. Yeye alikuwa ameshaondoka. Nilitangaza kwamba bahasha imepatikana, lakini jina lake sikulitaja. Mithali 18:13 nimeihubiri mara ngapi? Na bado.

Jumamosi iliyopita nilienda kwake nikamwomba msamaha. Alinipa chai. Kuhusu kurudi kanisani, alisema ataona. Simlaumu. Na leo natangaza kwa maandishi, kama vile nilivyomwaibisha hadharani: dada yule hakuchukua kitu.

Mpendwa, kabla hujapeleka habari ya mtu kwenye kundi la WhatsApp, ngoja. Mwite, umsikilize. Na kama umeshamhukumu, inuka uende kwake wiki hii. Mungu atusaidie. Amina.