George Green, Msaga Unga wa Nottingham

Kabla sijakusimulia habari za marehemu huyu, yafaa nikueleze vile tulivyojuana. Muhula wa kwanza mwaka huu sikukanyaga shuleni. Karo ilikosekana, basi nikawa katika kisiagi cha mjomba hapa Kawangware, si mbali na steji ya 46. Kazi yangu ilikuwa kupokea gorogoro za mahindi, kumimina kwenye mdomo wa mashine, na kuwarudishia kina mama unga wao ukiwa bado moto. Jioni nilikuwa mweupe kutoka kope hadi viatu, na watoto wa ploti yetu wakiniita mzungu.

Niliporudi muhula wa pili nilipata wenzangu wamemaliza mada ya uwezekano, ile ya kurusha sarafu na dadu. Sikuelewa kichwa wala mkia. Nikamwendea mwalimu wa hesabu nikamwambia afadhali nirudi kisiagini, kwani msaga unga na hesabu wapi na wapi? Hakunikaripia. Aliandika jina moja kwenye karatasi akaniambia nikamtafute mtu huyo, halafu nirudi tuzungumze. Jina lilikuwa George Green.

Green alizaliwa mjini Nottingham, Uingereza, mwezi wa Julai 1793. Babake, ambaye pia aliitwa George, alikuwa mwoka mikate. Mwaka 1800 bei ya chakula ilipanda, watu wenye njaa wakalivamia duka la mzee huyo. Sisi tunaojua vile mtaa hununa gorogoro ikiongezwa shilingi kumi tu, hatuhitaji kuelezwa zaidi. Mwaka uliofuata mtoto alipelekwa katika shule ya mwalimu Robert Goodacre. Alikaa humo mwaka mmoja na kidogo. Alipofika umri wa miaka 9 alitolewa, akaingizwa katika kazi ya kuoka mikate. Hiyo ndiyo shule yote aliyopata utotoni, na mimi niliyekosa muhula mmoja nilikuwa nalia!

Mwaka 1807 babake alijenga kinu cha upepo huko Sneinton, kijiji kilichokuwa kando ya Nottingham. Kinu hicho hakikutumia dizeli wala stima kama hiki chetu. Kilikuwa mnara wa matofali wenye mabawa makubwa. Upepo ukivuma mabawa huzunguka, nayo mawe ya kusagia huzunguka ndani. Upepo haungoji mtu amalize usingizi, kwa hivyo msagaji hulala sikio wazi. George aliiona kazi hiyo mzigo, lakini aliifanya miaka mingi. Husemekana kwamba alipopata nafasi alipanda orofa ya juu kabisa na vitabu vyake. Wanahistoria hadi leo hawajui ni nani aliyemfundisha hesabu ngumu za Wafaransa, ambazo hata vyuo vya Uingereza vilikuwa ndiyo tu vinaanza kuzifundisha. Mwaka 1823 alijiunga na maktaba ya kulipia mjini Nottingham, na huko ndiko alikosoma habari za wataalamu wa nje.

Mwaka 1828 alitoa kitabu chake kuhusu hesabu za umeme na sumaku. Hakikuchapishwa na chuo. Watu walijiandikisha mapema kukinunua kwa shilingi 7 na peni 6, jumla yao 51, wengi wao wakiwa majirani na wanachama wa maktaba. Nadhani wengi walinunua kwa heshima tu, wakakiweka rafuni.

Sasa naomba utulie, maana hapa ndipo penye kiini. Green alitumia namba moja kwa kila mahali palipo karibu na umeme, akaiita potenshali. Fikiria waya mwembamba uliogawanywa sehemu 4 zilizo sawa. Ncha moja iko ardhini, namba yake ni 0. Ncha nyingine imeunganishwa na betri ya volti 1. Katikati kuna vituo 3. Namba zake zitakuwa robo, nusu, na robo tatu. Tazama vizuri: namba ya kila kituo ni wastani wa majirani zake wawili. Green aligundua njia ya kupata namba hizo hata kwenye maumbo magumu, ukijua tu yanayotendeka mpakani. Aligundua pia jambo lililonishangaza: nguvu ambayo chaji iliyo mahali A huleta kwenye potenshali ya mahali B ni sawasawa na ile ambayo chaji iliyo B huleta A, hata kama umbo limepinda namna gani.

Kitabu kilipotoka, kimya. Mnunuzi mmoja, bwana Edward Bromhead, alikielewa, akamwandikia akijitolea kumsaidia. Lakini Green aliambiwa na watu kwamba huyo tajiri alikuwa anaonyesha adabu tu, basi hakujibu kwa karibu miaka 2! Mimi nilipofika hapo niligonga deski. Ni mara ngapi mtu hujinyima kwa kuona haya? Alipojibu mwaka 1830, Bromhead alikuwa bado yuko tayari, naye akamsukuma aende Chuo Kikuu cha Cambridge. Green aliingia huko mwaka 1833 akiwa na miaka 40, akaketi na vijana wadogo sana kwake, akihangaika na Kilatini na Kigiriki. Katika mtihani wa hesabu wa mwaka 1837 alikuwa wa nne.

Si kwamba alikuwa malaika. Alizaa watoto 7 na Jane Smith, binti wa meneja wa kinu, bila kumwoa. Wengine hueleza kwamba babake alipinga, na baadaye chuo hakikuruhusu walimu wake fulani wawe na wake. Hapo simsifu.

Alirudi nyumbani mgonjwa, akafariki tarehe 31 Mei 1841, karibu na kinu chake, akiwa na miaka 47. Hakuna picha yake hata moja iliyobaki. Mwaka 1845 kijana William Thomson, ambaye baadaye aliitwa Lord Kelvin, alipata nakala za kitabu kile, akazipeleka Paris, na wataalamu wa huko wakastaajabu. Kilichapishwa upya katika jarida la Ujerumani kati ya mwaka 1850 na 1854.

Utauliza, na uwezekano uko wapi? Green mwenyewe hakuuzungumzia kitabuni. Basi nikarudi kwa mwalimu. Alichora mtaro upande mmoja, mlango wa nyumba upande mwingine, na mawe 3 katikati. Akasema tumweke mlevi wa chang'aa kwenye jiwe la kwanza, lile lililo karibu na mtaro. Kila hatua arushe sarafu: kichwa anaelekea nyumbani, mkia anaelekea mtaroni. Uwezekano wa kufika mlangoni kabla ya kutumbukia ni ngapi? Mimi na mwenzangu wa deski tulirusha shilingi mchana kutwa. Kati ya walevi 100, waliofika nyumbani walikuwa 23. Mwalimu akasema jibu kamili ni robo. Akianzia jiwe la pili ni nusu, la tatu ni robo tatu.

Robo, nusu, robo tatu! Ni namba za waya. Na sababu ni nyepesi: kwa kuwa hatua ya kwanza ni nusu kwa nusu, uwezekano wa mlevi katika kila jiwe ni wastani wa mawe ya jirani, vilevile kama volti. Kanuni ni moja, ncha ni zilezile, basi jibu haliwezi kuwa mbili. Hata lile jambo la A na B lipo. Mlevi akianzia jiwe la kwanza, kwa wastani atakanyaga la pili mara 1 kabla mchezo haujaisha. Akianzia la pili, atakanyaga la kwanza mara 1 pia. Hesabu hiyo ya kukanyaga inaitwa kwa jina la Green hadi leo.

Mwaka 1944 Mjapani Shizuo Kakutani alionyesha kwamba undugu huu uko hata kwa chembe ndogo inayogongwagongwa ndani ya maji, isiyo na mawe wala hatua za kuhesabu. Baadaye, mwaka 1957 na 1958, Mmarekani Gilbert Hunt akaupanua kwa mienendo ya aina nyingi. Kila nikiona vumbi la unga likielea kwenye mwanga wa dirisha la kisiagi nakumbuka hayo, ingawa najua vumbi husukumwa zaidi na upepo.

Mwaka 1993 jina la Green liliwekwa katika kanisa la Westminster Abbey, London, karibu na kaburi la Newton. Kinu nacho, kilichoungua mwaka 1947, kilirekebishwa, na mwaka 1986 mabawa yakazunguka tena.

Jumamosi bado niko kisiagini, kwa sababu karo ya muhula wa tatu haijatimia. Jioni moja tukifagia nilimsimulia mjomba haya yote. Hakushtushwa na umeme wala na mlevi. Alitaka tu kujua, kijana huyo akiwa juu na vitabu vyake, ni nani alikuwa akiangalia kinu chini. Nikamwambia ni meneja, babake Jane. Mjomba akafikiri kidogo, kisha akachukua ufagio mkononi mwangu na kuniambia nikawashe taa ya nyuma, nisome hadi saa tatu, yeye atafunga.