Margaret Tait (1918–1999): Sinema, Kumbukumbu na Mahali

Margaret Tait alizaliwa tarehe 11 Novemba 1918, siku ile ile Vita Kuu ya Kwanza ilipokoma, mjini Kirkwall katika visiwa vya Orkney, kaskazini ya Uskoti. Alihitimu udaktari katika Chuo Kikuu cha Edinburgh mwaka 1941, kisha baina ya 1943 na 1946 akatumikia kikosi cha tiba cha jeshi la Uingereza katika nchi za Asia, ikiwemo India. Mwaka 1950 alikwenda Roma kusomea sinema katika Centro Sperimentale di Cinematografia, na aliporejea akaunda kampuni yake ndogo, Ancona Films, mjini Edinburgh.

Udaktari hakuuacha. Alishika kwa muda nafasi za madaktari wengine, na ujira huo ndio ulionunua filamu. Wafadhili, kwa sehemu kubwa ya maisha yake, hawakumtazama. Kazi zake hazikuwa hadithi wala taarifa, nao hawakujua waziweke fungu gani. Matokeo yake ni kwamba zaidi ya filamu fupi 30 alizitengeneza karibu peke yake, akishika kamera na kuhariri mwenyewe. Nyingine, kama *Calypso* (1955), alizichora kwa rangi juu ya utepe wenyewe bila ya kutumia kamera. Alichapisha pia diwani za mashairi, na haielekei kuwa sahihi kuitenga kalamu yake na kamera yake.

Katika *A Portrait of Ga* (1952) anamtazama mama yake akitembea, akivuta sigara, akimenya peremende. Hakuna tukio kubwa zaidi ya hayo, ila mkono ule wa kizee hausahauliki. *Where I Am Is Here* (1964) inaugeukia mji wa Edinburgh. Lakini iliyo nzito zaidi, pengine, ni *Place of Work* (1976), aliyoipiga katika nyumba ya familia mjini Kirkwall wakati akikaribia kuihama. Kamera inazunguka bustanini, inaingia ndani, inarudi dirishani; sauti za barabarani zinapenya. Mtazamaji hapewi maelezo ya yaliyopita humo, bali anaachiwa kuta, maua na mwanga. *Tailpiece*, ya mwaka huo huo, inaionyesha nyumba ikibaki tupu.

Filamu yake ndefu ya pekee, *Blue Black Permanent*, ilitoka mwaka 1992, alipokwisha kupita umri wa miaka 70. Ndani yake mpiga picha wa Edinburgh anamkumbuka mama yake, mshairi mzaliwa wa Orkney aliyechukuliwa na bahari, kama bibi yake kabla yake. Tait aliendelea na kazi: *Garden Pieces* aliikamilisha mwaka 1998, akafariki Orkney mwezi wa Aprili 1999.