Mzee Hukwe Zawose na Ilimba Yake

Leo nataka kuwasimulia habari za fundi wa muziki aliyetoka mkoa jirani na wetu. Nimemchagua yeye kwa sababu moja, nayo nitaieleza mwishoni.

Hukwe Zawose alizaliwa mwaka 1938 katika kijiji cha Doduma, mkoani Dodoma. Alikuwa Mgogo, kama tulivyo wengi wetu tutokao Manyoni. Alipiga zeze, lakini chombo kilichompa sifa zaidi ni ilimba. Hilo ni sanduku la mti lenye uwazi ndani, na juu yake hupangwa vyuma vyembamba vinavyopigwa kwa vidole. Kwenye tundu lake hubandikwa utando wa buibui, ili sauti itoke na mvumo kama wa nyuki.

Katika miaka ya 1960 Mwalimu Nyerere, Rais wa kwanza wa nchi yetu, alimwita Dar es Salaam ili sanaa yake iwe mali ya taifa zima. Baadaye alikaa Bagamoyo, akafundisha katika Chuo cha Sanaa, mahali ambapo muziki, ngoma na michezo ya kuigiza vilifundishwa pamoja. Mzee Hukwe hakuwa mtu wa kuketi na kupiga tu. Jukwaani aliimba na kucheza, njuga miguuni, sauti yake ikishuka kama ngurumo na kupanda kama ya mtoto.

Wala hakuridhika na yale aliyorithi. Alitengeneza ilimba kubwa zenye vyuma vingi kuliko za zamani, akatunga nyimbo mpya juu ya misingi ya kale. Mwaka 1996 ilitolewa Uingereza sahani yake iitwayo Chibite. Mwaka 2002 alitoa nyingine, Assembly, pamoja na Michael Brook, mpiga gitaa wa Kanada, wakichanganya muziki wa Kigogo na mitambo ya umeme. Alifariki dunia Bagamoyo mwezi wa Desemba 2003. Lakini kazi haikufa: mwaka 2024 binti yake Pendo na mjukuu wake Leah walitoa sahani yao, Maisha.

Sasa nieleze sababu yangu. Babu yangu naye hupiga ilimba. Nilipoingia Kidato cha Kwanza niliona haya. Nilipoulizwa habari zake nilijibu kwamba ni mkulima tu. Likizo iliyopita nilikuta ilimba imetundikwa ukutani, vyuma viwili vimeng'oka, na vidole vya babu vimeanza kukakamaa. Nikamwomba anifundishe. Hakunijibu neno, ila alinituma kwa mhunzi nikalete vyuma.

Mpaka sasa najua wimbo mmoja, tena nusu yake. Ndugu wanafunzi, ikiwa kwenu yuko mzee mwenye ufundi wake, mwendeeni likizo hii hii. Msingoje ijayo.